Makaburu na mabomu yao sita ya nyuklia: yalikuwa ya kumtishia nani hasa?

Wakuu, habari za muda huu.

Kila mjadala wa Iran au Korea Kaskazini ukipamba moto humu jukwaani, lazima atokee mdau wa kusema "mbona Afrika Kusini waliyaacha mabomu yao wenyewe?" Mwingine anamjibu "waliyaacha ili mtu mweusi asiyarithi", laiki zinamwagika, mjadala unafia hapo. Wote wawili wana hoja, ila wanaliruka swali linalotangulia: yale mabomu yalitengenezwa ya nini? Uzi ni mrefu, asiye na muda apite tu bila kinyongo. Mods naomba msiuunganishe na ule wa Iran.

Tuanze na mali. Urani walikuwa nayo tele, maana migodi ya dhahabu ya Witwatersrand ilikuwa inaitoa ndani ya mawe yaleyale ya dhahabu. Baada ya Vita Kuu ya Pili Marekani na Uingereza wakawa wateja wa kudumu, na malipo hayakuwa pesa peke yake. Chini ya mpango wa Rais Eisenhower wa atomu kwa ajili ya amani, Marekani iliwapa kinu cha utafiti, SAFARI-1, kikasimikwa Pelindaba, magharibi ya Pretoria, na kuwashwa mwaka 1965. Vijana wao wakapelekwa Marekani kusomea fani. Kwa hiyo anayesema makaburu walijifunza gizani anakosea. Walifundishwa mchana kweupe, kwa vyeti.

Julai 1970 Waziri Mkuu Vorster akasimama bungeni kutangaza kwamba wataalamu wake wamepata njia yao ya kurutubisha urani, yaani kuichuja ili chembe nyepesi zinazofaa kwa kinu au bomu ziwe nyingi. Kiwanda kikajengwa Valindaba, ubavuni mwa Pelindaba, kikaitwa Y-Plant. Gesi ya urani inapulizwa kwa kasi ndani ya mirija myembamba, inazunguka, chembe nzito zinasukumwa pembeni na nyepesi zinabaki katikati, halafu unarudia hatua hiyo mara nyingi mno. Njia hii inakula umeme balaa. Lakini nchi yenye makaa ya mawe kama ile haikuwa na presha ya umeme, si kama ilivyokuja kuwa baadaye.

Hadi hapo lugha rasmi ilikuwa ya milipuko ya amani, ya kuchimbia migodi na bandari. Wakati ule hata Wamarekani na Warusi walikuwa wanaimba wimbo huo. Kilichogeuza mambo ni Lisbon. Aprili 1974 wanajeshi wa Ureno waliipindua serikali yao, na mwaka uliofuata Msumbiji na Angola zikawa huru. Ramani ya Pretoria ikavurugika: ukuta wa makoloni uliokuwa ukiwakinga ukaanguka upande wa mashariki na wa magharibi kwa mkupuo mmoja. Mwaka huohuo wa 1974 Vorster akaidhinisha kazi ya kutengeneza kilipuzi na kutafuta mahali pa kukijaribia. Mwaka 1975 majeshi yake yakaingia Angola, yakakutana na Wacuba, na Marekani iliyokuwa ikiwachekea pembeni ikajitoa baada ya Bunge lake kukata fedha. Hilo la kuachwa kwenye mataa wakiwa vitani lilibaki moyoni mwao. Likumbukeni, maana mkakati wote unarudi hapo.

Sasa njooni Kalahari. Eneo linaitwa Vastrap, kaskazini ya Upington, nyika tupu ya mchanga. Walichimba mashimo mawili ya kujaribia bomu, moja la mita 385 na jingine mita 216. Agosti 1977 setilaiti ya Wasovieti ikayanasa. Moscow ikamwandikia Rais Carter wa Marekani, Wamarekani wakarusha vyombo vyao kuhakikisha, na ndani ya siku chache Washington, London, Paris na Bonn wakawa juu ya Vorster kwa sauti moja. Kazi ikasimamishwa, watu wakaondolewa. Kinachochekesha ni kwamba siku hiyo hawakuwa na urani ya kutosha hata kwa bomu moja! Walikuwa wanajiandaa kufanya jaribio baridi, yaani mitambo yote isipokuwa moyo wenyewe wa bomu. Y-Plant ilitoa urani yake ya kwanza iliyorutubishwa kwa kiwango kikubwa Januari 1978.

Novemba 1977 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likapitisha azimio namba 418, vikwazo vya silaha vya lazima. Marekani nayo ilikuwa imekataa kuwapelekea urani ya kuendeshea SAFARI-1, hata ile waliyokwisha kuilipia.

Hapo ndipo P.W. Botha alipoingia na falsafa yake. Alikuwa waziri wa ulinzi tangu 1966, akawa waziri mkuu Septemba 1978. Waraka wa ulinzi wa mwaka 1977 ulisema nchi inakabiliwa na shambulio la pande zote linaloongozwa na Moscow, kwa hiyo jibu nalo liwe la pande zote: jeshi, uchumi, propaganda, shule, polisi, mpaka mitaa ya watu weusi. Mawazo mengi waliyachota kwa jenerali wa Kifaransa, André Beaufre, aliyepigana Algeria. Baraza la Usalama wa Taifa likawa na nguvu kuliko baraza la mawaziri, na chini yake kukawa na kamati za usalama hadi ngazi ya wilaya. Kwa majirani ilikuwa mkong'oto mtupu: Matola Januari 1981, Maseru Desemba 1982, Gaborone Juni 1985, waasi wa RENAMO wa Msumbiji kupewa silaha, Angola kuvamiwa kila mara.

Angalieni vizuri. Kazi yote hiyo ya kuwaadhibu majirani ilifanywa na bunduki, mabomu ya ardhini na vibaraka. Nyuklia haikuwa na nafasi humo. Utaidondosha wapi? Maputo ipo karibu na mpaka wao. Kambi za wapigania uhuru zilikuwa zimechanganyika na raia, na huku kwetu Morogoro na Kongwa wangejibebea laana ya dunia nzima kwa kuwaua wakimbizi. Kwa vita vya msituni bomu la atomiki ni mzigo.

Ndiyo maana mkakati ulioidhinishwa na Botha Aprili 1978 ni wa ajabu kidogo. Ulikuwa na ngazi tatu. Ya kwanza, kutothibitisha wala kukanusha, dunia ibaki inahisi. Ya pili, nchi ikizidiwa, mathalani Wasovieti na Wacuba wakiingia kwa nguvu Namibia, waliyokuwa wakiitawala, basi serikali fulani kubwa zinong'onezwe faraghani: tunalo. Ya tatu, kama mnong'ono haukusaidia, litangazwe hadharani au lilipuliwe chini ya ardhi Kalahari ili kila mtu alione. Ngazi ya nne, ya kumpiga mtu nalo, haikuandikwa.

Kwa hiyo aliyekusudiwa kutishika ni Washington. Hoja ilikuwa: njooni mtuokoe, la sivyo tutafanya kitu kitakachowatia aibu nyinyi mliotufundisha. Mimi naliita bomu la mtoto anayetishia kujinyonga ili mzazi aliyemtenga arudi nyumbani.

Na bomu lenyewe lilitengenezwa kulingana na lengo hilo. Lilikuwa la mtindo wa mtutu, sawa na lile la Hiroshima: kipande kimoja cha urani kinafyatuliwa ndani ya bomba kikakutane na kingine. Mtindo wa kizamani, unakula urani nyingi, takriban kilo 55 kwa bomu moja, lakini una faida kwamba hauhitaji kujaribiwa. Kila moja lilikuwa na urefu kama wa mita 1.8 na uzito karibu tani 1, la kubebwa na ndege za Buccaneer walizouziwa na Waingereza miaka ya 60. Armscor, shirika la silaha la serikali, waliyaunda kwenye jengo la Circle, kilomita chache kutoka Pelindaba, na nusu mbili za kila bomu zilitunzwa kwenye vyumba tofauti ili mtu mmoja asiweze kuliunganisha peke yake. Wafanyakazi hawakuzidi mia tatu hata pale mradi ulipokuwa umekomaa, na ilitakiwa wawe wazaliwa wa nchi hiyo wasio na uraia wa pili. Gharama yote haikufika rand bilioni 1, pesa ndogo sana ukilinganisha na bajeti ya jeshi lao.

Hata hivyo hawakwenda mbio. Agosti 1979 mmenyuko wa kemikali uliharibu gesi ndani ya Y-Plant, na urani ya bomu ikaja kupatikana tena mwaka 1981. Hadi 1989 walikuwa na mabomu sita kamili na la saba likiwa kiwandani.

Nameza mate kidogo. Karibuni.

#2 Nungunungu wa Ilala

Mkuu umetisha, uzi wa kwenda shule. Lakini unawaosha makaburu bila kujijua. Unasema halikuwa la kupigia mtu, mbona Castro wa Cuba aliogopa? Kuna hotuba alisimulia kwamba Angola aliwagawa askari wake katika vikosi visivyozidi watu elfu moja, vimetawanyika, kwa sababu alijua jamaa wana nyuklia. Mtu hatawanyishi jeshi kwa ajili ya karatasi ya ngazi tatu.

#3 Mleta uzi

Hoja nzito hiyo mkuu, na hotuba hiyo ipo kweli. Jibu langu ni kwamba ngazi ya kwanza ilifanya kazi yake. Castro hakujua kilichoandikwa Pretoria, alijua kuna kitu, na kamanda mwenye akili hujipanga kwa baya zaidi. Vita vya Cuito Cuanavale, kusini ya Angola, vilipochacha, wakubwa wa Armscor walirudi Vastrap, wakajenga banda juu ya shimo moja na kutoa maji yaliyojaa ndani. Wengi wanaamini walitaka banda lile lionekane na setilaiti. Ila angalia mwisho wa vita ulivyokuja: Desemba 22, 1988, New York, Angola, Cuba na Afrika Kusini wanasaini, Wacuba wanaondoka, Namibia inapata uhuru Machi 1990. Kilichowaleta mezani ni askari waliokuwa wanakufa, deni, na anga la kusini ya Angola kutawaliwa na ndege za kivita za MiG. Bomu halikuwaongezea hata kilomita moja.

Na siwaoshi. Serikali iliyokuwa tayari kuitikisa dunia ili iendelee kumnyima mtu kura huna maji ya kuiosha.

#4 Kijana wa Mvomero

Baba yangu mdogo alikuwa Msumbiji na JWTZ miaka ile ya 1987, Zambezia. Nikamuuliza jana baada ya kusoma huu uzi. Akacheka, akasema habari ya nyuklia hawakuwahi kuambiwa, waliambiwa mambo mawili: usikanyage njia ambayo mbuzi hawapiti, na usiokote redio. Nimeona niongeze tu, maana inakubaliana na ulichosema kuhusu mabomu ya ardhini.

#5 Mama Fizikia

Mleta uzi shikamoo kama umenizidi, marahaba kama nimekuzidi. Nina maswali mawili. Moja, umeruka ile setilaiti ya Vela ya Septemba 22, 1979. Mbili, Israeli hujaitaja kabisa, ni bahati mbaya au unaogopa kupigwa ban?

#6 Mleta uzi

Shikamoo mama. Niliogopa uzi kunenepa.

Vela: setilaiti ya Marekani iliona mwako wa mara mbili bahari ya kusini, upande wa visiwa vya Prince Edward. Mwako wa aina hiyo ni saini ya mlipuko wa nyuklia. Ikulu ya Carter ikaunda jopo chini ya Profesa Ruina wa MIT, jopo likasema huenda ni hitilafu ya chombo au kimondo kidogo kimekigonga. Wanasayansi wengi wa serikali yao hawakukubali, na Carter mwenyewe kwenye shajara yake aliyokuja kuichapisha aliandika kwamba imani inakua miongoni mwa wataalamu wake kuwa ni Israeli. Mimi nasema hivi: kama lilikuwa bomu, halikuwa la Pretoria. Septemba 1979 Y-Plant ilikuwa imezimika, na bomu lao la mtutu halikuhitaji jaribio. Kama walitoa bahari na meli kwa rafiki, hilo ni jambo jingine.

Rafiki mwenyewe alikuwepo. Vorster, aliyefungwa wakati wa Vita Kuu ya Pili kwa kuwaunga mkono Wajerumani, alipokewa Israeli kwa heshima zote Aprili 1976. Israeli walipewa urani ghafi, wakatoa gramu 30 za tritiamu, kitu cha kuongezea bomu nguvu. Kubwa zaidi ni makombora: lile lililorushwa Julai 1989 kutoka Overberg, karibu na Arniston, lilikuwa ndugu wa Jericho, kombora la Israeli. Hapa ndipo nadharia yangu inapata kigugumizi, nakiri. Anayetaka kunong'ona tu hahitaji kombora. Nadhani wanajeshi na Armscor walikuwa wameshanogewa, kila taasisi ikipewa fungu hutafuta kazi ya kufanya nalo.

#7 Nungunungu wa Ilala

Sasa turudi kwenye mwisho. Usikwepe. Waliyaharibu kwa sababu ya Mandela, ndiyo au hapana?

#8 Mleta uzi

Soma tarehe mkuu, zote za Februari 1990. Tarehe 1 Y-Plant inafungwa. Tarehe 2 Rais De Klerk anaondoa marufuku ya ANC. Tarehe 11 Mandela anatoka gerezani. Tarehe 26 De Klerk anasaini amri ya kuyavunja mabomu yote sita. Mwezi mmoja! Anayesema mambo hayo hayahusiani anatafuta ugomvi.

Ila De Klerk alitoa sababu zake Machi 24, 1993 alipolitangazia bunge, na si uongo wote: Wacuba wameondoka, suala la Namibia limeisha, ukuta wa Berlin umeanguka. Ukirudi kwenye ngazi tatu utaona kwamba mkakati wenyewe ulikuwa umekufa. Huwezi kumtishia Mmarekani aje akuokoe na Msovieti wakati Msovieti anafunga virago. Bomu lilikuwa limebaki kikwazo cha kurudi kwenye biashara ya dunia. Kwa hiyo sababu ya kuliacha ilikuwepo hata bila ANC. ANC ndiyo iliyoleta haraka na usiri. Walivunja kwanza, wakaingia kwenye mkataba wa NPT, wa kuzuia kuenea kwa silaha za nyuklia, Julai 10, 1991, wakarudisha urani yote Pelindaba Septemba, wakachana michoro na nyaraka za kiufundi, halafu ndipo wakaongea. ANC, waliokuwa mezani wanajadili katiba ya nchi, waliyasikia kama sisi tulivyoyasikia redioni.

Wakaguzi wa IAEA, shirika la kimataifa la nguvu za atomu, walipata kazi ya kipekee, kukagua kitu ambacho hakipo. Walipewa madaftari ya kila siku ya Y-Plant, wakakaa kuhesabu urani iliyoingia, iliyotoka na iliyobaki kwenye taka, hadi hesabu zikakaa sawa. Mashimo ya Vastrap yalizibwa mbele yao mwaka 1993.

#9 Kijana wa Mvomero

Na Gaddafi je? Yeye aliachia 2003, tukajua yaliyompata 2011. Ukraine nayo. Ndiyo maana Iran hawasikii.

#10 Mleta uzi

Gaddafi hakuwa na bomu, alikuwa na mitambo, mingine ikiwa bado kwenye masanduku. Ukraine walikuwa na makombora ya Kisovieti lakini amri ya kuyafyatua ilikuwa Moscow. Afrika Kusini ndiyo pekee iliyotengeneza yake, ikayashika mkononi, ikayavunja. Na iliweza kwa sababu waliokuwa wanajilinda nalo walikuwa tayari wanaachia nchi. Ayatollah haachii nchi. Zaidi ya hapo, mkataba wa nyuklia wa Iran wa 2015 ulivunjwa na Trump mwaka 2018 wakati wakaguzi wanasema Iran inautekeleza, na Juni 2025 vituo vyake vya nyuklia vya Fordow na Natanz vikapigwa mabomu. Ukimpelekea Muirani mfano wa De Klerk atakuuliza: De Klerk alipigwa na nani baada ya kusaini?

#11 Mama Fizikia

Hapo nakuunga mkono. Niongeze lililo karibu na kazi yangu. Urani ile ya mabomu haikutupwa. SAFARI-1 ilitumia sehemu yake kutengenezea molibdenamu-99, ambayo hospitali huitumia kupata teknesiamu ya kupigia picha moyo na mifupa. Afrika Kusini ni miongoni mwa wazalishaji wakubwa duniani. Siku hizi wameshahamia urani ya kiwango cha chini.

#12 Mleta uzi

Ahsante mama, hilo nilitaka mtu wa fani aliseme. Lakini si yote iliyotumika. Inakadiriwa kilo 220 hivi bado zipo Pelindaba, na Wamarekani wamekuwa wakiziomba tangu enzi za Obama. Pretoria wanagoma. Wanasema urani ni yetu, ipo chini ya wakaguzi, na nyinyi wenye maelfu ya vichwa vya nyuklia hamna mdomo wa kutufundisha usalama. Kisiasa nawaelewa. Ila usiku wa Novemba 8, 2007 watu wenye silaha walikata uzio wa umeme wa kituo hichohicho, wakafika hadi chumba cha udhibiti wa dharura, wakampiga risasi mfanyakazi, wakaondoka bila kukamatwa. Urani hawakuifikia. Anayegoma kuitoa basi aoneshe uzio.

#13 Nungunungu wa Ilala

Mkataba wa Pelindaba wenyewe, wa kuifanya Afrika isiwe na silaha za nyuklia, ulisainiwa Cairo 1996, siyo? Bongo tumo?

#14 Mleta uzi

Aprili 11, 1996, ndiyo. Bongo tuliridhia 1998, Kenya 2001. Ulikwama muda mrefu kwa kukosa nchi ya 28 ya kuridhia, na iliyokamilisha idadi ni Burundi, Julai 2009. Mwenye rafiki Bujumbura ampigie ampe hongera. Na anayetaka kufungua uzi wa Koeberg, kituo cha umeme wa nyuklia karibu na Cape Town, na yale mabomu manne ya Umkhonto we Sizwe, jeshi la ANC, Desemba 1982, afungue, nitachangia. Pale waliolipua kinu walikuwa wetu.